Hodi ya Tatu

Ndugu yangu, isome hii mpaka chini, halafu mpelekee mzazi mmoja unayemjua. Naisema kwa mdomo, binti yangu Zamoyoni ndiye anayeandika, na nimemkataza kupunguza hata neno.

Mimi ni fundi milango hapa Lushoto. Nimetengeneza milango elfu arobaini. Zamoyoni anasema ni mingi mno, nimemwambia aandike hivyo hivyo. Darasani sikukaa. Jina langu lenyewe nalichora tu.

Huyu binti alitunga hadithi ya kwenye kompyuta, maandishi matupu, picha hamna. Si ya kusoma ukanyamaza. Inakueleza uko wapi, inakuuliza utafanya nini, unaandika, nayo inaendelea kwa ulivyojibu. Kaifanyia kazi miaka mitatu. Mwaka huu akaiingiza kwenye mashindano, majaji wakaja mpaka ukumbi wetu wa kata. Watu walijaa hadi kuta zikapinda.

Hadithi yenyewe iko hivi. Kijiji kizima kimezimikiwa na moto, watu wanatetemeka. Wewe umetumwa ukaombe moto nyumba ya juu mlimani. Unafika, mlango umeegeshwa, na kwenye upenyo unauona moto unawaka jikoni.

Jaji mmoja, kijana anaitwa Godlisten, ana digrii mbili, akaandika: naingia. Moto ukazimika, hadithi ikamrudisha mwanzo. Akapanda tena mlima, safari hii akapiga hodi. Kimya. Ya pili, ya tatu, kimya. Akaingia. Moto ukazimika. Akazunguka nyuma, akapita dirishani, akavunja ukuta. Saa nzima, kila akigusa ndani, moto unazimika.

"Hii imeharibika," akasema. "Haina mwisho. Tuiondoe."

Mwenyekiti wao, Mama Shekilindi, akamgeukia Zamoyoni. "Mwanangu, mwisho upo?"

"Upo, mama. Lakini nikiusema mimi, si mashindano tena."

"Basi ajaribu mtu mmoja wa mwisho. Akishindwa, tunaiondoa."

Miaka mitatu ya mwanangu ikabaki kwa mtu mmoja. Na hakuna aliyenyoosha mkono. Kisha sauti ikatoka nyuma: "Kama shida ni mlango, si babake yule pale?"

Ukumbi ukacheka. Godlisten akaniuliza, "Mzee, hii ulishaisoma?"

"Asome nini," jirani yangu akadakia, "huyo hata kalenda anaitundika kichwa chini."

Wakacheka tena. Na mimi nikacheka, halafu nikainuka, nikaenda mbele natembea kama mkuu wa mkoa. Godlisten akawa ananisomea na kuniandikia.

"Haya, mzee, uko mlangoni. Unafanya nini?"

"Napiga hodi."

"Kimya."

"Hodi."

"Kimya."

"Hodi."

"Kimya. Sasa?"

"Sasa naenda zangu."

Akaacha kuandika. "Mzee, moto si unauona?"

"Nauona. Mwenyewe sijamwona."

"Na kijijini kwenu wanakufa na baridi."

"Najua. Wewe andika, naenda zangu."

Akaandika. Ukumbi ulitulia, nikawasikia siafu wanapita barabarani. Godlisten akaangalia kioo, akasoma polepole: "Umeteremka mpaka bondeni. Nyuma yako mtu anakuita. Ni mama anakuja mbio, ana kijinga cha moto mkononi. Anasema, nilikuwa nasali, sikuweza kuitika. Nimezisikia hodi zako zote tatu. Chukua moto, mgeni wangu."

Kijiji kikakoka moto. Hadithi ikaisha. Ukumbi ukapiga makofi mpaka mabati yakalegea misumari.

Mama Shekilindi akamuuliza Zamoyoni, "Hilo la kurudi baada ya hodi tatu umelitoa wapi?"

"Kwa baba," akasema. "Nilipokuwa mdogo nilikuwa namfuata akipeleka milango kwa wateja. Anaubeba mlango kichwani, tunapanda nao mlima. Nyumba yenyewe haina mlango, ni tundu tu, mlango tunao sisi. Baba anasimama nje ya tundu, anapiga hodi tatu. Wasipoitika, tunageuza na mlango wetu mpaka nyumbani."

Ndugu, miaka yote hiyo mimi nilidhani nabeba mlango tu. Sikujua kama alikuwa anaangalia.

Akapewa nafasi ya kwanza. Sasa hivi hadithi yake wanaicheza watu milioni tisa. Yeye anasema ni mia nne na kumi. Ngoja tu, watafika.

Funzo: Heshimu cha mtu hata pale pasipo na wa kukuzuia, maana mwanao yuko nyuma yako, anaangalia.