Bandeji Kwenye Goti Lisilouma

Wapendwa, kaeni. Nawaona mmechoka, na mimi nimechoka. Hii ni ibada ya tatu tangu asubuhi na sauti iliyobaki ndiyo hii mnayoisikia. Sitawaweka sana. Nina mfano mmoja tu, tena wa kutunga, kwa hiyo nyie vijana msihangaike kumtafuta huyu dada kwenye simu zenu. Hamtampata.

Alikuwepo dada mmoja huko Uskoti, mshambuliaji wa timu ya wanawake. Mnaocheka huko nyuma, chekeni tu. Huyu akiingia kwenye boksi mabeki walikuwa wanaitana kwa hofu. Asubuhi anaoka mikate kiwandani, jioni yuko mazoezini kwenye mvua yao ile isiyokatika. Mwaka unaisha, mwingine unaanza. Wenzake aliokua nao uwanjani wakaolewa, wakaacha mpira, wakawa wanakuja kumtazama wamebeba watoto. Yeye akabaki. Kilichombakiza ni kitu kimoja: hajawahi kuitwa timu ya taifa. Alitaka avae jezi ya nchi yake hata mara moja, kisha apumzike zake.

Sasa goti la kushoto likaanza kumuuma. Akalificha. Alijua akisema atakaa benchi, na kwa umri wake ule, akikaa benchi ndiyo basi tena. Halafu akafanya ujanja ambao wachezaji wanaujua: bandeji akaifunga kwenye goti la kulia, lile zima. Mnanielewa? Beki mkorofi akiona bandeji, hapo hapo ndipo anapopiga. Basi mabeki wakawa wanahangaika na goti zima, bovu linasalimika. Akili nyingi hiyo!

Lakini bandeji ile hawakuiona mabeki peke yao. Aliiona pia daktari wa timu, mama mmoja mtu mzima, mpole kabisa. Kule kwao wanaitana kwa majina, lakini mimi nitawasemesha kama tunavyosema sisi. Kabla ya kila mechi anamkalisha.

"Goti vipi leo, mwanangu?"

"Linaendelea vizuri, mama."

"Hebu lete nilione."

Naye anatoa la kulia! Mama wa watu anainama, anakanda, anapaka dawa, anafunga bandeji upya kwa mikono yake, na kwa kuwa haoni uvimbe anamwacha acheze. Msimu mzima anauguza goti lisilouma, na yule dada anamwambia asante. Akirudi nyumbani anapanda ngazi kwa makalio, ngazi moja moja, kama mtoto anayejifunza.

Tumwite muongo? Sijui nani hapa ndani atathubutu. Alikuwa amechoka, na alikuwa anaogopa, na mtu akiwa na hayo mawili kwa pamoja hata akili yake humsaidia kujiumiza.

Siku ikafika. Nusu fainali ya kombe, na kocha wa timu ya taifa amekaa jukwaani, amekuja kumtazama yeye. Kipindi cha pili ikapigwa krosi, akaruka, akaitia wavuni kwa kichwa. Goli! Lakini akatua vibaya kwa mguu wa kushoto, akaanguka. Nisikilizeni vizuri: hakuvunjika. Goti lilishtuka tu, angelipumzisha lingepona. Akalala pale kwenye majani ameuma meno.

Wenzake wakaja mbio, nahodha mbele, daktari nyuma na mkoba wake. Wakaangalia nini? Bandeji.

"Jamani, la kulia msiliguse!" daktari akapiga kelele.

Nahodha akamkumbatia kiunoni, akamnyanyua. "Dada yangu, simama kwa mguu wa kushoto. Egemea huo mzima, tuko na wewe."

Hapo ndipo pa kusema. Neno moja tu: "Siwezi." Lakini kocha yuko jukwaani anatazama. Dada wa watu akakanyaga, uzito wote ukaenda kushoto, na goti likaachia.

Hakucheza tena. Wala jezi ile hakuivaa.

Na nani alimmaliza? Si mabeki, maana wao walihangaika bure msimu mzima. Ni rafiki zake. Waliomkimbilia kwa upendo ndio waliomwelemeza palepale panapouma, na roho zao nyeupe kabisa.

Daktari alimfuata hospitali, akakaa kando ya kitanda. "Mwanangu, msimu mzima nimekukanda kwa mikono hii. Kwa nini hukuniambia?"

"Niliogopa mngenitoa, mama."

"Ningekutoa, ndiyo. Kisha ningekurudisha."

Dada akageukia ukutani, akalia. Na yule mama pia alilia, maana hakuna kinachouma kama kujua mikono yako ilikuwa inafanya kazi bure.

Sasa sisi. Jumamosi tunakutana kwenye jumuiya, kiongozi anauliza, nani ana ombi? Kisha baba mmoja anasema, niombeeni, nina safari ya Singida. Tunaiombea safari mpaka jasho linatutoka. Anakwenda salama, anarudi salama, na huyo baba hajasemezana na mkewe tangu Pasaka! Halafu kanisa linakaa, linasema, huyu nyumba yake imetulia, mpeni kitengo cha ndoa. Tunampa, kwa upendo. Naye anapokea, atasemaje? Siku akianguka tunashangaa, tunaulizana barabarani, eti mbona hakuonyesha dalili.

Najua mtaniambia, mchungaji, Mungu anajua goti linalouma. Anajua. Lakini mikono aliyotupa ya kutukanda ni hii ya watu, na mikono ya watu huenda palipofungwa bandeji.

Na tusiwalaumu wanaoficha peke yao. Sisi tulio huku mbele ndio tuliowatisha. Binti akisema linamuuma wapi, Jumapili inayofuata hayuko kwenye kwaya, na habari zake zimeshafika mpaka sokoni. Tulimtoa, sawa. Nani alikumbuka kumrudisha? Nauliza, nani?

Tunaingia kwenye maombi. Leo sitaki ombi la safari, wala la kikohozi. Mgeukie mtu mmoja unayemwamini, mmoja tu, umwambie linalouma lenyewe. Ukiwa wewe ndiye unayeambiwa, usimpe ushauri, usimtajie mistari. Na usiende nalo nyumbani.

Mnatazamana. Kila mtu anamsubiri mwenzake.

Haya, mimi naanza. Mzee wa zamu, njoo hapa karibu yangu, baba. Karibu zaidi. Na wewe kijana wa mitambo, zima hiki kipaza sauti.