Kalamu Isiyo na Wino

Wahenga walinena kwamba mficha uchi hazai. Anayeona haya kuifunua shida yake mbele ya mtu wa kumsaidia, shida hiyo humganda kama kupe. Keraryo wa Nyakato, Musoma, aliijua methali hii tangu utotoni, ila alidhani iliwahusu wanawake wajawazito tu.

Mwaka huo wa 1984 sukari ilisafirishwa kwa kibali, na tairi jipya lilikuwa adimu kama maziwa ya kuku. Keraryo alikuwa na Landrova kuukuu ya kupeleka dagaa Bunda kutoka mwalo wa Mwigobero. Mfukoni mwa shati hakukosa kalamu. Mkewe Robi peke yake ndiye aliyejua kwamba kalamu ile haikuwa na wino, na kwamba mumewe hakujua hata herufi moja. Kisomo cha watu wazima kilipofika mtaani, alidai alikwisha kuhitimu kwingine.

Siku moja, karibu na Guta, polisi walikuta magunia mawili ya sukari chini ya dagaa. Abiria aliyeyapakia aliruka akatokomea. Keraryo alishtakiwa akapata dhamana, lakini gari lilizuiliwa kituo cha polisi Bunda kama kielelezo. Pale uani palikuwa na gari jingine lililongoja kesi kwa masika mawili, na nyasi zilikuwa zimefika kwenye usukani. Alipoliona, Keraryo aliomba mahakama imwachie gari lake kesi ikiendelea.

Hakimu alimwonyesha hati ya mauziano ya Landrova. "Tazama jina la mnunuzi. Ni lako?"

Keraryo alikunja uso kisomi. "Ndiyo, Mheshimiwa. Limeandikwa sawasawa."

"Hapa ni Kelalyo. Wewe umeshtakiwa kwa jina la Keraryo. Kelalyo ni nani?"

"Ni binamu yangu."

"Basi Ijumaa aje mwenyewe. Asipokuja, gari litabaki hapa mpaka hukumu."

Nyumbani Robi alimsikiliza hadi mwisho. "Baba Wankyo, huyo binamu utamzaa wewe kabla ya Ijumaa?"

"Sasa nisemeje? Watu wote wanajuaga mimi ni msomi."

"Watu wote hawana Landrova Bunda. Wewe unayo."

Ijumaa mahakama ilijaa. Jina lilipoitwa, Keraryo alisimama. Alimtazama Robi, kisha akachomoa kalamu mfukoni.

"Mheshimiwa, nilidanganya, nisamehe. Binamu hayupo. Sijui kusoma. Hii karamu ni ya urembo tu."

Kicheko kikapasuka. Hakimu alinyamazisha watu, akainama mbele. "Umesema hii nini?"

"Karamu, Mheshimiwa. Ya kuandikia."

"Na jina lako la kwenye hati ulimtajia nani?"

"Karani wa Nyakato. Nilisema Keraryo, yeye akaandika."

Hakimu akatabasamu, maana alishaelewa. Karani yule, kwa kujua kuwa Wakurya wengi kama Keraryo huita kalamu karamu, alidhani hata jina linahitaji kusahihishwa. Akazigeuza r zote mbili kuwa l kwa wema wake.

Chini ya hati palikuwa na alama ya dole gumba la mnunuzi, imekatwa katikati na kovu. Hakimu aliagiza wino. Keraryo, ambaye kidole chake kilipasuliwa na ndoana angali mtoto, alikigandamiza karatasini. Kovu lilitoka pale pale, mlalo ule ule.

"Siku nyingine ukinidanganya nitakufunga," hakimu alisema. "Gari ulichukue leo. Usiliuze, usilibadilishe rangi, na mahakama ikilitaka ulilete. Kesi yako ya sukari iko palepale. Tia sahihi."

Keraryo aliiweka kalamu mezani, akatia dole gumba mbele ya watu wote bila kujificha. Jioni hiyo Landrova iliingia Nyakato ikipiga honi mtaa mzima, Robi ameketi mbele. Jumatatu yake, Keraryo aliketi benchi la kwanza la kisomo akiwa na kalamu yenye wino, akijifunza kuandika jina lake kwa r mbili. Ama kweli, mficha uchi hazai.