Kihenge Kisicho na Kesho

Mpo?

— Tupo.

Mmekaa?

— Tumekaa.

Na mwenye usingizi je?

— Asinzie kwa zamu!

Haya, asinzie kwa zamu, maana hadithi yenyewe ni ya kuchoka. Nami nimelima tangu alfajiri, kwa hiyo nikipiga miayo msinicheke.

Hapo zamani, zamani za kale sana, wanyama na watu walipokuwa wakisemezana kama majirani, palikuwa na Punda. Kazi ya Punda ilikuwa kubeba. Asubuhi alibeba maji ya Bi Nyamizi, mwanamke aliyekaa kilimani. Mchana alibeba kuni za Ngiri. Jioni alibeba chochote kilichosahauliwa. Akitua mzigo huu, anapandishiwa ule. Hakuna aliyemuuliza, "Umeamkaje?" Waliuliza tu, "Umefika?"

Punda huyo alikuwa na binti, jina lake Kihongwe, angali ananyonya. Lakini mwili uliochoka hauna maziwa, jamani. Kihongwe alinyonya, akanyonya, akaachia, akamtazama mama yake usoni. Hakulia. Laiti angelia! Punda akaziona mbavu za mwanawe, moyo ukamuuma, akajua kwamba asipopumzika mtoto huyu atamfia.

Basi siku moja akakutana na Nguchiro, yule mdogo mwenye mkia mrefu na maneno marefu zaidi.

"Dada Punda, mbona umenyong'onyea hivyo?"

"Nimechoka, kaka. Nataka kulala tu, mwanangu apate maziwa."

"Kulala? Hilo tu? Njoo kwangu."

Uani kwa Nguchiro palikuwa na kihenge, ghala la nafaka la kusukwa kwa fito, kubwa hata ng'ombe angeenea ndani. Nguchiro akatia humo bakuli la uji wa moto, akafunika. Wakakaa mpaka jua likazama. Alipofunua, uji ulikuwa ungali unafuka mvuke.

"Umeona? Humu wakati haupiti. Ukiingia, hakuna mzigo utakaokufikia. Utalala weee, mpaka utosheke. Ila kwanza nibebee mawele yangu kutoka shambani."

Punda akayabeba mawele ya Nguchiro. Akayabeba juu ya maji, juu ya kuni, juu ya uchovu. Alipomaliza akaingia kihengeni, na kifuniko kikashuka.

Akafumba macho. Akafumbua. Kifuniko kiko wazi na Nguchiro anamchekea.

"Toka, dada! Umelala mchana kutwa na usiku kucha!"

Punda akasimama. Uchovu ulikuwa uleule. Nzi aliyeingia naye, ametua sikioni, alikuwa bado hajamaliza kusugua mikono yake.

"Mbona sijapumzika?"

"Aa, ulilala kidogo. Nibebee mawele mengine, safari hii nitakufungia mpaka mwezi uandame."

Mimi ningekataa. Nanyi mngekataa, najua, maana mmekaa mkekani mmeshiba. Lakini aliyechoka hana nguvu hata ya kukataa. Punda akabeba tena. Akaingia tena.

Akafumba macho. Akafumbua. Mwezi mwingine ulikuwa umeandama, na jasho la shingoni mwake halijakauka.

Akaenda nyumbani akijikokota, hakumkuta Kihongwe. Akaita, kimya. Akashika njia ya mtoni, na huko akaona mitungi miwili ya maji inapanda kilima, inayumba huku, inayumba kule. Chini ya mitungi palikuwa na miguu minne myembamba. Alikuwa Kihongwe. Mgongoni ana kidonda, mdomoni majani makavu aliyokuwa akijilisha, na nyuma yake Bi Nyamizi ameshika fimbo.

"Bi Nyamizi! Huyo ni mtoto!"

"Sasa mimi nifanyeje, Mama Kihongwe? Wewe hukuonekana. Na maji hayapandi mlima yenyewe."

Kihongwe akainua uso wake. Akauliza taratibu, "Mama, umepumzika?"

Punda aliona haya mpaka masikio yakamlala.

Mara Nguchiro huyo, anakuja mbio. "Dada Punda! Mawele ya mwisho yako shambani na mawingu yanakusanyika. Nibebee upesi, kisha uingie mara ya tatu. Ya tatu ndiyo dawa! Nitakufungia mpaka mvua ziishe."

Punda akamtazama. "Kaka, uji wako haukupoa humo ndani. Uchovu wangu utapoaje?"

Nguchiro akageuka kuyatazama mawingu.

Punda akaung'ata ugwe wa mitungi, ukakatika, maji yakamwagika njiani. Kisha akakunja miguu ya mbele. Akakunja ya nyuma. Akalala palepale, katikati ya njia, mwanawe ubavuni.

"Inuka!" akafoka Bi Nyamizi.

"Siinuki."

"Inuka, nitakupiga!"

"Nipige. Kupigwa nimezoea. Kulala ndiko sijazoea."

Bi Nyamizi akapiga, mkono ukamchoka. Ngiri akaja akasukuma, akachoka. Nguchiro akabembeleza, akatukana, akalia, akachoka naye. Jua likazama, likachomoza. Mvua ikanyesha, Punda amelala. Mvua ikakatika, Punda amelala. Bi Nyamizi akachota maji mwenyewe, akapanda na mtungi kichwani, na nusu ya njia akautua akaketi karibu na Punda, anahema. Alikuwa hajui kumbe kilima kile ni kirefu namna ile.

Nguchiro je? Mawele yake yalilowa shambani. Akayabeba mwenyewe kidogokidogo, akayatia kihengeni yasioze. Kweli hayakuoza. Lakini hayakukauka pia. Kila akifunua, mabichi. Sijui alikula nini mwaka ule, na sikwenda kumuuliza.

Punda alilala mpaka usingizi wenyewe ukamwacha. Siku hiyo asubuhi aliamka, akajinyoosha, akasikia kifua kizito. Kihongwe akasogea, akanyonya mara moja, akashtuka. Maziwa! Akanyonya tena, akanyonya, mpaka akasinzia na chuchu mdomoni. Punda hakusogea hata alipoumwa na siafu, asije akamwamsha.

Ndiyo maana hata leo punda akichoka hulala njiani na mzigo wake, na fimbo haimwinui.

Funzo ni hili, wanangu. Aliyechoka aseme amechoka, alale watu wakimwona. Akijificha, kazi haimngoji, itamtafuta mwanawe.

Basi, hadithi yangu nailaza hapa. Atakayeiamsha kesho, aibebe yeye.