Migongo ya Mhero

Udongo hushuka wenyewe, hupanda kwa migongo.

Vijana waliokuwa wakichimba makinga ya maji mlimani walitupiwa maneno hayo na msimamizi wao, pale walipoweka majembe chini kabla ya saa sita na kusema watamalizia kesho. Walipofika uani kwa Bibi Nasemba kuomba maji ya kunywa walikuwa bado wanacheka. Kwani udongo una miguu? Bibi alikuwa akichambua maharage, naye hakucheka nao. Aliwaambia wakae, wanywe maji yao taratibu, kwa sababu aliyeyasema maneno hayo mara ya kwanza hakuwa na kicheko mdomoni. Kisha akawasimulia yalivyoanza.

Mkitazama ng'ambo ya bonde mnaona mwamba mtupu, na ninyi mmekua mkidhani Mungu aliuumba hivyo. Sivyo. Pale paliitwa Mhero, na palikuwa na mashamba kutoka mtoni hadi kileleni, yamepangana kama ngazi. Watu wa kwanza kufika walikuta mteremko ambao hata mbuzi aliupanda kwa kufikiri. Wakajenga kuta za mawe, moja juu ya nyingine, wakajaza udongo nyuma ya kila ukuta, wakapanda maharage na magimbi. Waliubadili mlima, na mlima nao ukawabadili. Kila mvua ilichukua udongo kidogo kutoka juu na kuuweka chini, na kila mwaka, baada ya maharage kuvunwa na kabla ya vuli, watu wa Mhero waliurudisha ulikotoka.

Waliurudisha mgongoni. Njia ilikuwa kali, mikono yote miwili ilihitajika kushika mawe, kwa hiyo kichwani hapakubebeka kitu. Tenga liliwekwa mgongoni na kamba ya gome ikapita kwenye paji la uso. Kazi hiyo ilikuwa msaragambo, yaani kazi ya kijiji kizima, na ilichukua siku nane. Jumbe alibeba, mganga alibeba, bibi harusi wa jana alibeba. Mtu wa Mhero ulimtambua popote alipokwenda: mgongo umeinama kidogo, na kwenye paji la uso ana mfuo wa ile kamba.

Mpiga baragumu la msaragambo alikuwa mtu anaitwa Mbonea. Kazi hiyo aliirithi kwa baba yake, naye baba yake kwa babu. Baragumu lisipolia, hakuna anayeinua tenga; likilia, hakuna anayebaki nyumbani. Mbonea alikuwa mjane. Shamba lake lilikuwa chini kabisa, karibu na mto. Mtoto wake alikuwa mmoja tu, Naghenjwa, ambaye aliolewa na kijana wa kileleni, Kangero, na shamba lao lilikuwa la juu kuliko yote. Juu yao palikuwa na mawingu tu. Mbonea alimpenda binti huyo kupita kiasi, na watu walimtania kwamba anapiga baragumu la kijiji kizima ili shamba la mkwewe lijae.

Basi ukaja mwaka mmoja wa mvua nyingi. Udongo ulishuka kwa wingi usio wa kawaida, ukatulia kwenye mashamba ya chini, mweusi, laini, na mahindi yaliyoota humo yalimzidi mtu kimo. Watu wa chini walivuna mpaka wakakosa pa kuweka. Mbonea naye alivuna. Alisimama shambani kwake akalishika bua la muhindi, akafurahi, na furaha hiyo aliijutia maisha yake yote.

Mwaka huo huo vijana wa Mhero walirudi kutoka gulio la tambarare wamenuna. Wasichana wa huko waliwaita punda, wakawanyooshea vidole pajini. Msichana mmoja aliyeposwa na kijana wa Mhero alikataa mbele ya wazazi wake, akasema hataki kwenda kufungwa kamba.

Jumbe Mrindoko, ambaye shamba lake lilipakana na la Mbonea, akaita kikao. Alisema kwa upole, maana hakuwa mtu mbaya. Alisema watu wamechoka. Alisema vijana wanadhalilika. Alisema udongo ni kama mvua, inaponyesha kwako ni riziki yako, na nani amewahi kurudisha mvua mbinguni?

"Hatuvunji desturi," alisema. "Tunapumzika mwaka mmoja. Mbonea, mwenzangu, wasemaje?"

Wote walimgeukia. Watu wa juu walikuwa wachache kikaoni, na Naghenjwa hakuwepo, alikuwa na mtoto mchanga. Mbonea alifikiria magoti yake, yaliyokuwa yakimuuma tangu masika. Alifikiria mahindi yake.

"Mwaka mmoja si kitu," alisema.

Siku ambayo msaragambo ulipaswa kuanza, Naghenjwa aliteremka kutoka kileleni na mtoto mbelekoni. Alimkuta baba yake amekaa kivulini mchana mweupe.

"Shikamoo, baba. Unaumwa?"

"Marahaba, mwanangu. Siumwi."

"Tumengoja baragumu tangu alfajiri. Kangero ameshaandaa matenga."

"Mwaka huu hatubebi. Tumekubaliana ardhi ipumzike."

Naghenjwa alimtazama. "Ardhi ipumzike, au ninyi mpumzike?"

"Mwaka mmoja tu, Naghenjwa. Mmekula miaka yote, mtakosaje kula mwaka mmoja?"

"Baba, ukuta wa juu umebaki mtupu nyuma yake. Ukuta usio na udongo nyuma ni mawe yanayongoja kuanguka. Wewe mwenyewe ndiye uliyenifundisha."

Mbonea alijua binti anasema kweli. Lakini alikuwa ametoa neno lake mbele ya kikao, naye ni mtu mzima, akaona aibu kulirudisha. Alimpa gunia la mahindi. Naghenjwa alilipokea kwa mikono miwili, akashukuru, akamhamishia mtoto kifuani, akapanda nalo mlima kwa kamba ile ile ya pajini.

Vuli ikaanguka, na ukuta wa juu ukaanguka nayo. Mawe yake yaliupiga ukuta wa pili, wa pili ukalegea. Mwaka uliofuata watu wa chini walisema mahindi bado ni mazuri, tupumzike tena mmoja. Mwaka wa tatu Mbonea hakumuuliza mtu. Alilichukua baragumu, akapanda kwenye jabali, akapiga mpaka mishipa ya shingo ikamtoka. Walikuja watu kumi na mmoja, wengi wao wazee. Vijana walitoka milangoni, wakasikiliza, wakarudi ndani. Mapaji yao yalikuwa yameshaanza kuwa laini, na hawakutaka kuyafunga upya.

Siku ya pili walikuja wanne. Siku ya tatu alikuwa peke yake.

"Nani amekutuma kupiga?" Jumbe Mrindoko alimuuliza.

"Aliyenituma nisipige ni wewe, nikakusikiliza. Leo nakusihi uwaite watu."

"Mbonea, mimi nitawaita, lakini nani atakuja? Desturi ukiilaza mwaka mmoja huamka kiwete. Nami sikulijua hilo."

Ndipo Mbonea akaanza kubeba peke yake. Alikuwa na umri wa kuitwa babu, magoti yamevimba. Alfajiri alijaza tenga udongo mweusi wa shambani kwake, akapanda hadi kwa binti yake, akaumwaga nyuma ya mawe aliyoyapanga kwa mkono, akateremka kulijaza tena. Kwa siku nzima aliweza matenga matano. Naghenjwa alibeba, Kangero alibeba. Watu watatu walijaza kipande cha kutosha kulaza ng'ombe wawili, wakapanda maharage humo, wakafurahi. Mvua moja ya alasiri ikatiririka mwambani kwa kasi, kwa sababu hapakuwa tena na kuta imara za kuizuia, ikakizoa kipande chote pamoja na maharage yake. Mbonea aliyaona majani ya maharage yakipita mlangoni kwake, yakielekea mtoni.

Hakukata tamaa bado. Alibeba mwaka huo na mwaka uliofuata. Kangero alishindwa kwanza; alikwenda tambarare kutafuta kibarua kwenye mashamba ya mkonge, akasema ataleta chakula, akaleta mara mbili. Naghenjwa alikonda. Chakula alichopewa na baba yake alikipokea kila mara kwa mikono miwili, lakini hakumwangalia tena usoni. Hilo lilimuuma Mbonea kuliko magoti. Angelitukanwa angelipumua. Binti hakumtukana hata siku moja.

Asubuhi moja ya kiangazi Mbonea alipanda na tenga lake zito kuliko yote, amelishindilia. Alipofika kileleni, alimkuta Naghenjwa uani anafunga vyungu kwa kamba. Watoto wawili walikuwa wamevaa nguo za safari. Mlango wa nyumba ulikuwa umeng'olewa na kuegemezwa ukutani.

Mbonea alisimama na mzigo mgongoni, akihema.

"Mnakwenda wapi?"

"Kwa Kangero. Ametuma mtu."

"Ngojeni masika moja. Nimeleta udongo. Angalia, wenye rutuba, sijachanganya na mchanga. Niambie nikuwekee wapi."

Naghenjwa aligeuka akatazama shamba lake. Mbonea naye akatazama, na kwa mara ya kwanza aliliona kama lilivyo, si kama lilivyokuwa akilini mwake. Palikuwa na jiwe. Kutoka mlangoni hadi ukingoni palikuwa na jiwe tupu, linang'aa kwa jua, wala hapakuwa na ufa wa kuotesha hata mbegu moja ya boga.

"Mwaga popote, baba," alisema Naghenjwa. "Utashuka."

"Nitaurudisha."

"Najua utaurudisha. Udongo hushuka wenyewe, baba, hupanda kwa migongo. Na migongo ya Mhero imeshanyooka, umebaki wako." Alikaza fundo la mwisho kwenye kamba ya vyungu. "Sikulaumu. Ulisema mwaka mmoja, nawe uliamini ni mwaka mmoja."

Alimsogelea, akamvua ile kamba ya pajini kwa mikono yake mwenyewe, akalishusha tenga taratibu, kama mtu anayemtua mgonjwa. Kisha akavibeba vyungu vyake mgongoni, akawatanguliza watoto, akateremka. Mbonea alibaki amekaa juu ya jiwe hadi jua likamchoma, na alilia kwa sauti, mtu mzima yule, maana hapakuwa na jirani wa kumsikia. Nyumba zote za kileleni zilikuwa zimeshahama.

Msidhani watu wa chini walinusurika. Udongo wa juu ulipokwisha, mlima haukuwa na kitu kingine cha kuwapelekea ila mawe. Masika yaliyofuata yalishusha kokoto na changarawe, yakayafukia mashamba ya mtoni kimo cha goti, kisha kimo cha kiuno. Ule udongo mweusi waliojisifia ulizolewa na mto ukapelekwa tambarare. Jumbe Mrindoko alikwenda kwa Mbonea akiwa na wazee watano, kofia mikononi.

"Tupigie baragumu," alisema. "Safari hii watu watakuja. Wote watakuja."

"Waje wabebe nini?" Mbonea aliuliza.

Walitazama chini, na chini palikuwa na kokoto. Hapo ndipo Mbonea alipowaambia maneno ya binti yake, neno kwa neno, nao wakayabeba kwenda nayo kila walikohamia, kwa kuwa baada ya mwaka hapakubaki mtu Mhero ila Mbonea mwenyewe. Wengine walikuja huku kwetu. Mama yangu alikuwa mmoja wao, msichana mdogo wakati huo.

Naghenjwa hakurudi. Walisema alipata shamba huko tambarare kando ya mto, lenye udongo mweusi mzuri, na wajukuu zake wanalima hadi leo bila kujua udongo ule ulikuwa wa nani. Mbonea alipelekewa habari mara mbili aende akaishi nao. Alikataa. Kila alfajiri alichota kwenye mashamba yaliyofukiwa, akaichambua changarawe mpaka akapata udongo wa kujaza tenga, akaupandisha kileleni, akaumwaga juu ya jiwe. Mvua iliporudi ulishuka wote. Watu waliomwona kutoka huku ng'ambo wakasema amerukwa na akili. Mama yangu alisema hapana, alikuwa na akili timamu, na hilo ndilo lililokuwa baya. Alijua kila tenga litakavyoishia. Walimkuta njiani siku moja, amelala kifudifudi, kamba bado iko pajini.

Bibi Nasemba alimimina maharage yaliyochambuliwa kwenye chungu. Vijana hawakuwa wanacheka tena. Mmoja alisema labda wangemalizia lile kinga leo, kabla jua halijazama.

"Labda," alisema Bibi. "Mimi sikuwasimulia ili mwende, mkitaka nendeni. Mliucheka msemo, nami nimewaambia ulikotoka. Mwaka mmoja tu, walisema. Udongo hushuka wenyewe, hupanda kwa migongo."