Sungura Ng'ambo Hii, Paka Ng'ambo Ile

Hapo zamani, mto ulipokuwa bado ni mto tu na haujawa mpaka wa kumwaga damu, palikuwa na mji mdogo wenye daraja la mawe. Ng'ambo ya kaskazini walikaa Wachina, ng'ambo ya kusini walikaa Wavietinamu, na darajani walikutana wote. Waliuziana, wakaoana, wakagombana, wakapatana.

Watu hao walihesabu miaka kwa wanyama kumi na wawili. Kila mwaka na mnyama wake, na kila mtu na mnyama wa mwaka aliozaliwa. Karibu wanyama wote walikuwa wale wale, kaskazini na kusini. Lakini mwaka wa pili, kaskazini walisema ni wa ng'ombe, kusini wakasema ni wa nyati alimaye mashamba ya mpunga. Mwaka wa nane, kaskazini walisema kondoo, kusini wakasema mbuzi. Na mwaka wa nne ndio uliokuwa na ubishi kuliko yote: kaskazini walisema sungura, kusini wakasema paka. Kwa nini? Wako waliosema ni kosa la sikio, kwamba jina la kale la mwaka huo, likitamkwa kusini, lasikika kama mlio wa paka. Wako waliosema mengine. Ubishi ule haukumdhuru mtu. Watoto walitaniana nao sokoni, basi.

Katika mji huo aliishi mwanamke aitwaye Nhan. Alizaliwa kusini, akaolewa kaskazini na Boren, fundi wa vijiti vya udi. Nyumba yao ilinukia msandali hadi kwenye mito ya kulalia. Pamoja nao aliishi mama yake Boren, Bibi Guizhen, mwanamke mkavu wa maneno. Hakumtesa mkwewe, wala hakumpenda mbele za watu. Wali wake aliula, nyimbo zake alizikebehi.

Nhan akajaliwa mtoto wa kike, Lan, na Lan akazaliwa mwaka wa nne.

"Sungura wangu," bibi akasema, akimpokea.

"Paka wangu," Nhan alimwimbia kila alipomwogesha, kwa wimbo wa kwao unaotaja wanyama wote, mmoja baada ya mwingine.

"Paka gani?" Bibi Guizhen alisema kutoka kwenye kiti chake. "Nyinyi watu wa ng'ambo, hata miaka mnahesabu kwa wanyama wa jikoni."

Nhan alimaliza wimbo wake, akamwaga maji.

Basi mfalme wa kaskazini akagombana na mfalme wa kusini. Walichogombea hakikufika masikioni mwa watu wa darajani. Kilichofika ni askari. Leo daraja likashikwa na wa kaskazini, kesho likashikwa na wa kusini, na kila aliyelishika aliwatafuta wapelelezi wa mwenzake. Lakini wangewajuaje? Sura za mji ule zilikuwa zimechanganyika, na kila mtu alizungumza lugha zote mbili. Ndipo askari mmoja mwenye akili mbaya akabuni swali: "Umezaliwa mwaka wa mnyama gani?"

Swali likaenea, pande zote mbili wakalishika. Ukisema nyati, mbuzi au paka mbele ya askari wa kaskazini, umekwisha. Ukisema ng'ombe, kondoo au sungura mbele ya askari wa kusini, umekwisha. Muuza chumvi mmoja alisema mbuzi asubuhi, na jioni watoto wake walimwokota chini ya daraja. Watu wakaanza kutazama bendera kabla ya kujibu. Askari nao wakajifunza kuteremsha bendera.

Nyumbani kwa Boren walijihesabu. Boren ni chui milia, Nhan ni joka, Bibi Guizhen ni farasi. Wanyama hao walikuwa wale wale pande zote. Katika nyumba nzima, mwenye mwaka wa hatari alikuwa Lan peke yake, mtoto ambaye meno yake ya mbele yalikuwa ndiyo kwanza yanang'oka.

Njaa ikaingia. Hakuna anunuaye udi wakati hana wali. Boren akasema, "Twende kusini, kwa kaka yako Khai. Ana mpunga." Nhan akalia kidogo, akafunga mizigo.

Alfajiri Boren alikwenda kuchungulia daraja, akaona bendera ya kaskazini. Akarudi, akamshika Lan mabega. "Mwanangu, ukiulizwa, sema sungura."

"Ndiyo, baba."

Walipokuwa wanatoka mlangoni, Bibi Guizhen akamvuta mtoto kando. Hakuwaamini askari wa mfalme yeyote. "Mjukuu wangu, usiseme neno lolote. Nitawaambia wewe ni bubu."

"Ndiyo, bibi."

Na njiani, watu wakiwa wengi, Nhan alikutana na mwanamke wa kwao anayekimbia kutoka darajani. Mwanamke akamwambia, "Wa kusini wamelichukua daraja. Nimewaona kwa macho yangu." Boren alikuwa mbele na mizigo, amemshika mama yake mkono. Nhan angeweza kumwita. Lakini tangu siku ile njaa ilipoingia walikuwa hawasemezani vizuri, na aliogopa kwamba wangeanza kubishana mbele za watu. Akainama sikioni mwa Lan. "Sema paka, mwanangu."

Lan akamtazama. "Ndiyo, mama."

Yule mwanamke hakusema uongo. Daraja lilikuwa limechukuliwa kweli na wa kusini. Ila kabla akina Nhan hawajafika, wa kaskazini walikuwa wamekwisha kulirudisha.

Wakafika. Bendera hakuna. Askari wakamwuliza Boren, akasema chui milia, akapita. Wakamwuliza Bibi Guizhen, akasema farasi, akapita. Wakamwuliza Nhan, akasema joka, akapita. Wakamwuliza Lan.

Lan akanyamaza, kama alivyoambiwa na bibi yake.

"Ni bubu," Bibi Guizhen akasema.

Askari akamshika mtoto kidevu, akauliza tena, na safari hii mkono wake mwingine ulikuwa kwenye panga.

"Sungura," Lan akasema, kama alivyoambiwa na baba yake.

Askari akacheka. Akaachia kidevu. "Bubu wako amepona, bibi. Piteni."

Lakini mtoto yule alilelewa kuwatii wakubwa wote. Wawili alikuwa amekwisha kuwatii, akabaki mmoja. Akasema, "Na paka."

Kicheko kikakatika. Askari akawarudisha wote wanne katikati ya daraja. "Mtoto mwenye wanyama wawili ana wafalme wawili," alisema. "Sungura sina neno naye. Nani kamfundisha paka? Huyo atabaki hapa. Wengine mtakwenda."

Wasikilizaji wangu, Nhan aliufungua mdomo. Jambo hilo aliliapia mpaka kufa kwake, na mimi namwamini. Aliufungua mdomo, na Lan akamshika vidole, na mkono ule ulikuwa wa baridi. Nhan akawaza, nikibaki, nani atamwogesha? Akaufumba mdomo.

Boren alimtazama mkewe. Alijua. Angesema "ni huyu," angempoteza mke. Angesema "ni mimi," angekufa yeye. Akatazama mawe ya daraja.

Lan akaanza kugeuza uso kumwelekea mama yake. Hapo Bibi Guizhen akamkumbatia mtoto kichwa, akakifunika kwenye nguo zake kisione kitu.

"Ni mimi," akasema.

Askari hakuamini. "Wewe matamshi yako ni ya kaskazini. Kama ni wa kusini, nihesabie wanyama wa kusini."

Na Bibi Guizhen akahesabu. Panya, nyati, chui milia, paka, joka, nyoka, farasi, mbuzi, tumbili, jogoo, mbwa, nguruwe. Alihesabu kwa lugha ya kusini, kwa mahadhi ya wimbo wa kuogeshea mtoto, na hakukosea hata mahali pamoja. Kumbe miaka yote ile, kwenye kiti chake, alikuwa anasikiliza.

Alipomaliza alimsogeza mtoto kwa mama yake. "Shika mtoto wako," akamwambia Nhan. Hakumwita mkwe, hakumwita mwanangu. Walipofika mwisho wa daraja, nyuma yao walisikia kitu kizito kikianguka majini. Boren hakugeuka. Nhan aligeuka.

Wakakaa kwa Khai. Wakala wali wake. Boren na Nhan walilala chumba kimoja na hawakulitaja daraja. Mavuno yakaja, yakapita, yakaja mengine. Lan akakua, akawa msichana asiyesema mpaka aulizwe mara mbili.

Wafalme wakapatana, kama wafalme wanavyopatana, na watu wakarudi mjini. Majirani wakawaonyesha kaburi. Mwili wa Bibi Guizhen ulikwama kwenye matete, wakauzika pembeni mwa shamba la miwa, bila jiwe. Na siku ya kusafisha makaburi, ambapo kila mwaka wafu hupelekewa wali na udi, ilikuwa inakaribia.

Katika mji ule kulikuwa na desturi: aliyesababisha kifo cha mtu hawashi udi kwenye kaburi lake. Mfu hula wali wake udi ukiwashwa na mtu wa nyumba yake, lakini akiuwasha huyo, mfu hali chakula, hukaa na njaa kule aliko. Boren alitengeneza vijiti vya udi kwa mkono wake, vizuri kuliko vyote alivyowahi kutengeneza. Alipokuwa anavifunga, Nhan akaja na sahani ya wali.

"Weka wali," Boren akasema, bila kumtazama. "Lakini udi usiuguse."

Nhan akasimama. Maneno yale alikuwa ameyangoja muda mrefu, na bado yalimkata. "Kwa sababu gani, Baba Lan?"

"Unajua sababu. Mimi nilimfundisha mtoto sungura, na sungura alitupitisha. Njia ilikuwa wazi. Paka wako ndiye aliyemuua mama yangu."

"Nilisema paka kwa sababu niliambiwa daraja ni la kusini. Kama lingekuwa la kusini kweli nami nimenyamaza, leo ungesema nimemuua mtoto. Ndiyo, nilikosea. Lakini mimi nilikosea nikitaka kuokoa. Wewe ulisimama pale, mwanaume mzima, ukamwona mama aliyekuzaa akifa kwa neno ambalo si lake. Ungeweza kusema ni wewe."

"Na wewe pia ungeweza."

"Ndiyo," Nhan akasema. "Na mimi pia."

"Nilinyamaza ili wewe uishi."

"Nani alikuomba?"

Ndipo Lan akatoka jikoni. Alikuwa amesikia yote.

"Mnagombea kitu ambacho si chenu," akasema. "Askari alikwisha kutuachia. Alikwisha kusema piteni. Hakuna aliyeniuliza tena. Nilisema mwenyewe."

"Ulikuwa mtoto," mama yake akasema.

"Nilikuwa mtoto mwenye akili. Nilijua mama akisema kwa kunong'ona, jambo hilo si la kusemwa kwa sauti. Nilijua, nikalisema. Sitawasha udi."

Wakaenda kwa wazee wa mji. Mzee wa kaskazini akasema, "Kosa ni la mke, ulimi wake ndio uliopanda neno." Mzee wa kusini akasema, "Kosa ni la mume, damu yake iliita akaziba masikio." Mwanamke mmoja, mjane wa muuza chumvi, akasema, "Neno lisilosemwa haliui. Kosa ni la aliyelisema, hata akiwa mdogo." Wakabishana mpaka jua likazama, kila mtu akaenda kwake.

Siku ya makaburi ikafika. Wote watatu wakaenda kwenye shamba la miwa. Waling'oa majani, wakaweka wali, wakachomeka vijiti vya udi ardhini. Boren alikuwa na moto mkononi. Akamtazama mkewe, mkewe akamtazama Lan, Lan akatazama chini. Hakuna aliyemwambia mwenzake "washa," na hakuna aliyesema "niwashe mimi." Moto ukamchoma Boren vidole, akauacha ukazimika. Mvua ikaanza. Udi ukalowa, na makaburi yote ya jirani yalikuwa yanafuka moshi.

Haya, nyinyi mliokaa hapa mkinisikiliza. Yule bibi bado hajala. Mmoja alinong'ona, mmoja alinyamaza, mmoja alitamka. Je, kati ya Nhan, Boren na Lan, nani alistahili kuwasha udi wa Bibi Guizhen?