Kinyonga Aliyefumba Macho

Paukwa! Wa nyuma sijawasikia. Paukwa!

Pakawa!

Haya, sogeeni. Hapo zamani za kale palikuwa na msitu, na ndani ya msitu kijito. Tembo alikaa mwanzo wa kijito, Nguruwe katikati, Paa na mwanawe mwisho kabisa. Kila mmoja alisema kwangu ni kwangu. Tembo akiangusha miti, kra, kra, puu! Nguruwe akifukua kingo, tope tupu. Ukiwauliza, walisema msitu hauna mwisho, na uchafu unakwenda huko mbali.

Huko mbali ndiko kwa Paa. Maji yakapungua, yakawa tope, yakawa tone. Mtoto wa Paa akalamba mawe. Mama yake akalia mpaka Tai akashuka.

Tai alikwisha kuwaambia wanyama zamani kwamba msitu unakwisha. Wakamwita mzushi. Safari hii akamwendea Kinyonga, ambaye ngozi yake hushika rangi ya anachokitazama, akampandisha mgongoni. Huyoo, juu, juu, juu kupita mawingu. Kinyonga maskini akang'ang'ania manyoya. Akatazama chini mara moja, akafumba macho upesi ili rangi isimtoke.

Wakashuka. Wanyama wakaja kutazama. Mgongo wa Kinyonga ulikuwa kahawia mtupu, ardhi kavu. Katikati palikuwa na doa moja la kijani, dogo kama kucha.

Tembo akauliza polepole, "Kwangu ni wapi?"

"Hapo hapo," akasema Tai, akilionyesha doa la kijani.

"Na kwa Paa?"

"Hapo hapo. Mpaka wowote sikuuona."

Mtoto wa Paa akaligusa lile doa kwa pua, kama anavyomgusa mama yake. "Ndiyo kwetu kote?" akauliza. Tembo akatokwa na machozi. Nami nikifika hapa hunitoka, msinicheke.

Tembo akaacha kuangusha miti mibichi. Nguruwe akahama kingoni. Wanung'unikaji hawakukosekana, lakini wakiletewa ule mgongo walinyamaza. Naye Kinyonga akakataa kufumbua macho, asije akaipoteza picha. Wakamlisha mdomoni.

Mvua zikaja, zikaenda, zikaja tena. Asubuhi moja mtoto wa Paa, ameshaota pembe, akasikia chururu, chururu. Akanywa, akashiba. Kisha akamwendea Kinyonga.

"Babu, sasa fumbua."

Kinyonga akafumbua jicho moja, akalizungusha, kisha la pili. Lile doa likaanza kukua. Likaenea mbavuni, likaenea miguuni, likafika mpaka ncha ya mkia.

Basi, watoto, na nyinyi wakubwa mnaojifanya mmelala: nyumba yetu ni moja, tena ni ndogo. Tuitunze pamoja. Hadithi yangu imeishia hapo. Mwenye kiu akanywe, na maji ayaache safi.