Kwa Nini Mbegu ya Mahuku Hulala kwa Mtani

Kulikuwa na miaka, wajukuu zangu, ambapo mbegu ya mtu ililala juu ya meko yake mwenyewe. Mavuno yakiisha, mama wa nyumba alichagua masuke manono ya ulezi, akayafunga fungu moja kwa kamba ya ukindu, akalitundika pale moshi unapopita, wadudu wasiliguse. Kila nyumba ilikuwa na fundo lake. Na uchoyo ulikuwepo, msidanganywe! Mtu wa Mahuku, kijiji chetu hiki, hakumwonyesha fungu lile hata shemeji yake, seuze watani wetu wa Lyangweta, ng'ambo ya mto, ambao tangu enzi na enzi tunaibiana kuku, tunatukanana misibani na tunazikana.

Basi vita vikaja. Wageni walitutawala kwa kiboko, wakatulimisha pamba tusiyoivaa, hata watu wakasema potelea mbali, heri kufa. Upande wetu jemadari alikuwa Luhala wa Mahuku, aliyekuwa mwindaji wa nyati kabla hajawa mwindaji wa watu. Upande wa serikali alikuwa mzungu mmoja aliyeitwa Bwana Saa, kwa kuwa hakutoa amri bila kuitazama saa yake kwanza. Miaka miwili walifukuzana milimani. Hawakuwahi kuonana uso kwa uso, lakini walijuana kama mke na mume waliogombana. Luhala aligusa majivu ya kambi, akajua mwenzake ameondoka lini na kwa hasira gani. Bwana Saa aliona njia nyeupe mno, akajua pana mtego, akazunguka.

Walipoona bunduki haziamui, wakaanza kupigana kwa njaa. Bwana Saa alichoma maghala ya milimani ili wapiganaji wasile. Luhala naye, kila aliporudi nyuma, alichoma alichokiacha ili askari wasile. Maadui wawili, kazi moja! Tena akatunga sheria: atakayemlisha adui, hata kwa kiganja cha unga, atapigwa risasi. Kwa sheria hiyo alishakufa mtu mmoja, kwa kapu la mihogo.

Mwisho wa kiangazi zamu ikafika Mahuku, kijijini kwake mwenyewe. Luhala akaamuru watu wabebe chakula wanachoweza, kinachobaki kichomwe, na mbegu zichomwe pia, maana mbegu za kijiji kizima zingewashibisha askari siku nne. Dada yake mkubwa, Sekwao, aliyemlea baada ya mama yao kufa, akamwuliza mbele ya watu, "Na mvua ikinyesha, mdogo wangu, tutapanda nini?"

"Tutakuwa tumeshinda, dada."

"Ushindi hauivi chunguni."

Luhala akawatuma watu wake waingie nyumba kwa nyumba. Wakatoka mikono mitupu. Juu ya meko yote kumi na mawili kamba zilikuwa zimekatwa.

Sekwao hakungoja mwingine ateswe. "Ni mimi," akasema. "Nimezivusha mto. Ziko kwa watani, Lyangweta."

Lo! Lyangweta ilikuwa imeshasalimu amri. Watu wake ndio waliobeba mizigo ya Bwana Saa. Wapiganaji wakamgeukia jemadari wao, na kila mmoja alikuwa akilikumbuka lile kapu la mihogo. Luhala akapima pande zote mbili. Akimsamehe dada, yule wa mihogo alikufa bure. Akimpiga risasi, amemuua mama yake.

"Umewapa watu wa Bwana Saa," akasema.

"Nimewapa watani wangu. Mtani ataniibia kuku, atanicheka matangani. Mbegu yangu hataila."

"Nani kakuambia?"

"Hakuna. Naona hivyo tu."

Ndipo Luhala akahukumu. Dada atatembea na jeshi, mikono imefungwa, mpaka mvua ya kwanza. Siku hiyo watakwenda mtoni. Mbegu ikiwa imeliwa, atampiga risasi kwa mkono wake mwenyewe. Siku zile zote hakuweza kumtazama usoni. Sekwao alichomwuliza ni kama amekula.

Huku nyuma Bwana Saa akafika Lyangweta na askari wenye njaa. Wakaingia majumbani, wakakuta juu ya kila meko mafungu mawili. Bwana Saa akatazama saa, akauliza mbona mawili. Mzee Kinyamale, mkubwa wa pale, akajibu, "Sisi walafi, Bwana. Tunapanda kwa pupa." Bwana Saa akaamuru kila nyumba itoe fungu moja, ibaki na moja, wachague wenyewe. Watu wakatazamana. Kisha, bila hata kushauriana, kila mama akanyoosha mkono akalitoa fungu lake mwenyewe.

Mvua ikanyesha. Luhala akashuka mtoni mchana kweupe na dada yake, na bunduki ina risasi. Bwana Saa alikuwa ameshaondoka, akiamini nchi ile haina tena cha kula. Mzee Kinyamale akawaona kutoka ng'ambo, akapaza sauti, "Haya, wala panya wa Mahuku! Mmechoma kwenu, sasa mmekuja kunusanusa kwetu? Ingieni, ila msiibe miiko!"

Mafungu kumi na mawili yakapangwa mkekani, kila moja na fundo la mwenyewe. Sekwao akayagusa moja moja. Halikupungua hata suke. Luhala akaanza kumfungua dada yake kamba, lakini fundo likamshinda, na Kinyamale akamcheka. Ndipo akainua macho juu ya meko ya mzee. Palikuwa patupu.

"Yako iko wapi, mtani?"

"Bwana Saa ameila. Alitaka moja."

"Ungempa yetu!"

"Ningempaje? Si yangu."

Luhala akaketi pale mlangoni, mwanamume mzima, akalia kwa sauti. Alikuwa amechoma mbegu za vijiji saba. Na yule mtu wa mihogo akamjia moyoni, asiweze kumfukuza. Sekwao hakumbembeleza. Alichukua fungu lake, akaligawa katikati, nusu akampa mke wa Kinyamale, na wengine wakafuata. Mwaka ule pande zote mbili za mto zilivuna kidogo, zikala kidogo, zikaishi.

Luhala hakuchoma tena ghala la mtu. Ndiyo maana Bwana Saa alimfikia, maana askari wake walishiba njiani. Akanyongwa mwaka uliofuata, na uhuru ulikuja wajukuu wake wakiwa na mvi. Wapo wanaomwita mjinga. Waacheni waseme, na wao walizaliwa kwa sababu kulikuwa na mbegu.

Na tangu mvua ile, mtu wa Mahuku hatundiki mbegu yake kwake. Huipeleka ng'ambo baada ya mavuno, na ya Lyangweta hulala kwetu. Mvua ikinyesha unakwenda kuichukua, unatukanwa kwanza mpaka basi, na ni mwiko kusema asante. Njaa ikiingia utakula majani, utakula mizizi, lakini ile iliyo juu ya meko yako huigusi. Mwaka wa njaa kubwa nilifiwa na mwanangu wa tatu, na fungu la mtani linaning'inia palepale juu ya meko yangu. Watani ndio waliokuja kumzika. Wakanitukana kama ilivyo desturi, nami, wajukuu zangu, nikacheka huku nalia.